Feni ya Hajji na Fundi wa Nje ya Ukuta

Nimestaafu. Nina miaka kumi na saba, sare ya shule bado inanibana mabegani na mama bado ananituma maji, lakini kazini nimestaafu, na mstaafu ana haki ya kuwachosha wadogo wake kwa kumbukumbu. Solange na Esta, ninyi mtakaoanza likizo ijayo kwa Papa Byamungu, daftari hili nimelifunga kwa kipande cha mpira wa baiskeli na kulilaza chini ya sanduku la vyombo. Lisomeni kabla hamjapeleka mkono kwenye feni ya mtu. Mkimaliza, hesabuni vidole vyenu. Mimi vyangu navihesabu mpaka leo, na kila mara nashangaa kwamba hesabu inafika kumi.

Vyeo sitavitaja. Nilianza nikiwa mikono ya Papa Byamungu, nikamaliza nikiwa mikono ya Papa Byamungu. Mshahara nao hauna hadithi. Ulikuwa unaliwa, na siku nzuri ulikuwa na maharage ndani.

Nilianza mwaka 2011, nikiwa na miaka kumi na mitatu. Papa Byamungu alikuwa na kibanda chake palepale kilipo leo, Misiera, cha kutengeneza redio na kuchaji simu. Mbele alikuwa ameandika kwa rangi nyekundu kwamba anatengeneza pia klimatizeri, yaani kiyoyozi, maana alifanya kazi hiyo kwa wakubwa kule Uvira, Kongo, kabla ya vita. Katika kambi nzima ya wakimbizi ya Nakivale hakukuwa na kiyoyozi hata kimoja, kwa hiyo hakukuwa na mtu wa kumbishia. Hilo likumbukeni. Mimi sikulikumbuka kwa miaka minne.

Siku moja mfanyabiashara wa Mbarara, Hajji wa vitambaa, alipita Misiera akasoma yale maandishi mekundu. Akasema nyumbani kwake kuna mashine kama hiyo, inanguruma tu, haipoezi, na mafundi wa mjini wameishindwa. Kesho yake Papa alivaa koti. Mimi nilikuwa naenda Mbarara kununua madaftari, na mama hakutaka niende peke yangu, akanikabidhi kwa Papa kama mzigo. Tulitembea mpaka Rwekubo, tukapanda gari, na njia nzima Papa hakusema neno. Nilidhani ni heshima ya fundi mkubwa. Kumbe mtu alikuwa anatetemeka.

Geti lilifunguliwa kiasi cha jicho moja. Lilikuwa jicho la Mama Sumaya, mke wa Hajji, na ninyi mtalizoea.

"Mzee, Hajji hayuko, ameenda Kampala," akasema. "Mwanaume kwa nyumba yangu hapana ingia kama Hajji hayuko. Hata jogoo mimi nafungia nje."

"Mama, mi niko fundi," Papa akasema.

"Na jogoo iko fundi pia. Wewe nakaa hapa kwa baraza, mbele. Eesi iko nyuma, kwa ua ya wanawake."

Eesi ndilo jina la kiyoyozi huko Mbarara. Ile ya Hajji ilikuwa ya kupachikwa dirishani: uso wake unatazama chumba cha kulala, mgongo wake umetokeza nje kwenye ua ambako wanawake wanafua, wanapika na kukaa bila mitandio. Barazani mbele ndiko kulikuwa na swichi kubwa ya umeme wa nyumba nzima. Katikati, ukuta wa matofali unaozidi urefu wa mtu. Papa aliutazama ule ukuta. Nikaona uso wake umekuwa mwepesi ghafla, kama mwanafunzi aliyeambiwa mtihani umeahirishwa. Nilishangaa. Mtu kanyimwa kazi na anafurahi?

"Basi huyu mutoto aingie," akasema. "Mi nitamusemesha toka huku."

Nikamtazama. Nilikuwa nimekuja kununua madaftari!

Hivyo ndivyo ulivyozaliwa utaratibu wetu. Mwanaume barazani kwenye swichi, msichana uani kwenye mashine, na kazi yote inapita juu ya ukuta kwa mdomo.

"Riziki! Unaona nini?"

"Naona chuma, Papa."

"Chuma gani?"

"Cha mraba."

"Aksanti mingi. Hiyo njo mashini. Fungula zile skrubu za nyuma. Ndani, unaona nini?"

Nikamwambia naona feni, chini yake waya, na pembeni kopo dogo la chuma kama la maziwa ya mtoto, tumbo limevimba. Nikasikia karatasi zinapekuliwa. Nikasubiri. Nilidhani anasali.

"Hiyo kopo njo kapasita," akasema mwishowe. "Njo inasukuma feni ianze kuzunguka. Ikivimba, imechoka. Sasa sikiliza muzuri: hata kama umeme umezimwa, iko inaficha moto ndani. Usiiguse. Umeigusa?"

"Papa, yenyewe imenigusa."

Nilikuwa nimekaa juu ya gunia la makaa, mkono umekufa ganzi mpaka begani, na meno yamegongana kwa nguvu ambayo sijaisahau. Sikulia. Nilishangaa mno kiasi cha kusahau kulia. Chuma kilichokufa kimenipiga! Mama Sumaya aliacha ndoo yake akaja kunitazama, akanigusa paji la uso, halafu akaingia jikoni akarudi na mwiko mrefu wa ugali.

"Shika hii," akasema. "Fasi mwiko naweza ingia, wewe usitie kidole. Mwiko mimi naweza nunua ingine. Mama yako hawezi nunua kidole."

Andikeni hilo ukutani. Katika maisha yangu yote ya kazi, hicho ndicho kifungu cha kwanza cha sheria, na hakikutoka kwa fundi. Kilitoka kwa mwenye jiko.

Tulileta kapasita nyingine kutoka dukani, yenye namba zilezile zilizoandikwa ubavuni. Nikafunga waya kama nilivyoambiwa, nikarudi nyuma, nikapaza sauti: "Tayari, Papa!" Yeye akajibu: "Tayari kabisa?" Nikasema: "Tayari kabisa!" Ndipo akapandisha swichi. Feni ikazunguka. Wanawake wa ua ule walipiga vigelegele kama nimejifungua. Tangu siku hiyo, Mama Sumaya alipokwenda kwenye harusi au msibani aliwaambia wenzake kwamba kuna mzee wa Nakivale ambaye hahitaji kuingia ndani, na ana msichana mwenye adabu. Kuhusu adabu alikosea, lakini kazi ilikuja. Nyumba zote tulizopata Mbarara zilitoka mdomoni mwake. Naye alimwambia Papa mbele yangu, kupitia upenyo wa geti: "Mzee, jina yako mimi nabeba. Siku ovyo ikitokea kwa ua yangu, naiweka chini, na hakuna nyumba nafungulia wewe tena." Papa alijibu "ndiyo Mama" mara tatu. Alikuwa na wajukuu wanne kibandani, na redio zilikuwa zinaisha. Watu walishaanza kusikiliza habari kwenye simu.

Kuhusu vyombo. Bisibisi mbili, mipini imezungushiwa mpira wa baiskeli ili umeme usipite. Balbu yenye waya mbili: ukitaka kuinyang'anya kapasita moto wake, gusisha zile waya kwenye miguu yake, balbu inamulika kidogo kama mtu anayekonyeza, inazima, hapo ndipo unashika. Mswaki wa zamani wa kusafishia vumbi. Msiutumie kwa meno, hata kama mtu atawaambia umeoshwa; siku moja nilimwambia hivyo Papa na nilijuta. Kioo kidogo cha kuonea nyuma ya mota. Mafuta ya cherehani. Na mwiko.

Kila jioni tukirudi Misiera, Papa alinipa penseli. "Chora ile yote uliona," alisema. Nikachora. Alichukua ile michoro akaitazama kama mtu anayesoma barua ya kwao, akaiweka kwenye faili la plastiki. Nilijua ananipima. Siku moja nilichora jogoo ndani ya mashine, makusudi, nione kama atacheka. Hakucheka. Aliniuliza jogoo anakaa upande gani wa mota. Usiku nyumbani nilicheka mpaka mama akanitoa nje. Leo nikikumbuka nywele zinasimama.

Kesi ngumu zilikuwepo. Kuna nyumba tuliitwa kwa sababu feni haisukumi hewa kabisa. Nilipofika uani nikakuta bibi wa nyumba ameifunika mashine kwa blanketi zito na kuifunga kamba. Akaniambia alikuta inatetemeka, akaihurumia, maana asubuhi za Mbarara zina baridi. Papa kule nje: "Unaona nini?" Mimi: "Papa, mgonjwa kalala." Tulitoa blanketi, na kweli ilikuwa inatetemeka: beringi, zile pete za chuma zinazobeba shina la mota, zimekwisha. Yule bibi alikuwa daktari kuliko sisi. Nyumba nyingine, nyigu walijenga kiota kati ya mapanga ya feni, nikatoka na jicho moja limefumba, na Papa akaniambia niendelee na lile lingine.

Na katika kesi zote hizo Papa alifanya jambo moja ambalo sikuwahi kulielewa. Kabla ya kuniambia nifungue chochote, alipandisha swichi, akasema: "Nyamazeni bote." Ua mzima ukanyamaza, hata watoto. Yeye akasikiliza kutoka ng'ambo ya ukuta. Halafu anasema: "Inanguruma ila haizunguke. Sukuma panga na mwiko, mupole." Nikisukuma likaendelea lenyewe, ni kapasita. Likizunguka kidogo na kusimama kwa uzito, ni beringi. "Inakwaruza," anasema siku nyingine, "panga iko inagusa bati." Hakukosea. Hata mara moja! Mtu haioni mashine, na anajua kidonda kiko wapi. Nilijigamba shuleni kwamba bosi wangu anaona kupitia matofali.

Sasa nifike kwa Sumaya, na hapa naandika polepole kwa sababu kosa ni langu.

Sumaya ni binti wa mwisho wa nyumba ile. Tulipoanza kazi alikuwa bado mgongoni. Mwaka huu ana miaka minne na kidogo. Alikua akitusikia. Mchezo wake haukuwa wa kupika wala wa mama na baba, alicheza fundi. Aligeuza sufuria kuukuu nyuma ya tanki la maji, akachokonoa kwa kijiti, akaiambia ile sufuria "unaona nini?" Mimi, kwa ujinga wangu na kwa kupenda kucheka, nikaona hapa pana kitu. Nikamfundisha sauti yangu. Kweli, nilimfundisha! Tulikaa naye wakati wa chai, nikamwonyesha jinsi ya kuvuta ile "Tayari, Papaaa" puani kama mimi. Akaiweza vizuri mno. Mara mbili tulimdanganya Papa akapandisha swichi wakati mimi niko jikoni nakunywa chai na mkate. Akauliza, "Mbona feni haina kifuniko, nasikia upepo mupana?" Tukaziba midomo kwa leso. Kilikuwa kichekesho bora cha kazi yangu.

Basi likizo ya Agosti, mwaka huu, feni ya Hajji ikaanza kukwaruza. Papa alisikiliza, akasema panga limelegea kwenye shina lake na linagusa bati. Na kapasita tubadilishe hapohapo. Akazima swichi. Nikafungua. Nikaweka kapasita mpya. Halafu nikapachika mwiko katikati ya mapanga ili feni isizunguke, nikaupeleka mkono wa kulia, huu wa kuandikia, ndani kabisa na bisibisi kukaza skrubu ya shina. Shavu langu lilikuwa limelala juu ya bati. Mama Sumaya alikuwa amepiga magoti karibu, anafua.

Nyuma ya tanki nikasikia sauti yangu.

"Tayari, Papaaa!"

Nilicheka. Nataka mjue hivyo: kwanza nilicheka. Nikasema moyoni, huyu mtoto kaiva. Kutoka ng'ambo ya ukuta Papa akajibu, "Tayari kabisa?" Na sauti yangu, ambayo haikutoka kinywani mwangu, ikasema, "Tayari kabisa!"

Hapo ndipo akili ikafika, na mkono ulikuwa bado ndani.

Sijui niseme nini kuhusu kilichofuata, maana kilikuwa kifupi kuliko kupiga chafya. Mashine ililia. Mwiko ulipasuka kwa kishindo, nusu yake ikaruka juu ikavuka ukuta. Nusu nyingine ilibaki imekwama kati ya panga na bati, feni ikanguruma kwa hasira bila kuweza kuzunguka, na katika mngurumo huo nilivuta mkono. Bati lilinichana hapa, chini ya kiganja. Nikakaa chini nikapiga ukelele ambao siujui. Sauti zangu zote nilikuwa nimemgawia Sumaya.

Mngurumo ukakatika ghafla. Swichi imezimwa. Halafu, juu ya ukuta, vikatokea vidole viwili, vinne, kofia, na Papa Byamungu mzima, mzee wa miaka sitini na koti lake, akabaki pale juu kwa tumbo kama nguo iliyoanikwa, akaangukia ndani ya beseni la Mama Sumaya. Povu liliruka mpaka kwenye paa.

Mama Sumaya alivuta leso kichwani, midomo wazi. Wanawake wengine walikimbilia jikoni. Mwanaume! Ndani ya ua! Na Hajji yuko safarini! Papa alisimama, maji yanamtoka mifukoni, akageuza uso wake ukutani haraka kwa adabu.

"Mutoto," aliambia ukuta, "vidole biko ngapi?"

"Kumi, Papa."

"Hesabu tena."

"Kumi, Papa. Ila vinatoa damu."

"Bikitoa damu, biko hai." Mkononi alikuwa bado ameshika ile nusu ya mwiko.

Mama Sumaya akapata sauti. Aliipata yote kwa mara moja. "Mzee! Mimi nilisema nini? Nilisema nini kwa geti? Miaka minne mimi nabeba jina yako! Wewe nawasha umeme mtoto iko ndani, halafu naruka kwa ua ya wanawake kama mwizi ya kuku! Leo jina naweka chini. Naweka chini, unasikia? Chukua boksi yako."

"Ndiyo Mama," Papa akaambia ukuta.

Hakujitetea. Hakusema "nilisikia tayari." Alijua kabisa alisikia tayari, mara mbili, kwa sauti yangu, na hakusema. Nilimtazama yule mzee amelowa, nikaona nyumba zote za Mbarara zinafungwa moja baada ya nyingine, na wajukuu wanne kibandani, na sababu yake ni kichekesho changu. Ninyi mnanijua, mimi kunyamaza siwezi, lakini kusema ukweli pia sikuwa nimezoea.

"Mama Sumaya," nikasema, "si yeye. Ni Sumaya. Na si Sumaya. Ni mimi." Nikamwita mtoto atoke nyuma ya tanki. Akatoka na sufuria yake. Nikamwambia, "Sema."

"Tayari, Papaaa!" akasema Sumaya kwa furaha yote.

Papa aliruka pale mbele ya ukuta kama aliyechomwa. Mama Sumaya alimtazama mwanawe, akanitazama mimi, akamtazama tena mwanawe, akashika kichwa. "Banange," akasema taratibu. "Banange. Riziki iko mbili."

Nikaeleza yote, na chai, na mkate, na vicheko. Sijawahi kuona aibu kama ile. Nilitegemea kofi. Mama Sumaya alichukua kitambaa safi akanifunga mkono, na kila alipokaza fundo alikaza zaidi ya lazima. Hilo ndilo lilikuwa kofi.

Hapo Papa akaomba kitu cha ajabu. "Mama, unisamehe. Niko natoka. Ila acha nione ile mashini mara moya tu."

"Si wewe ndiyo fundi?" Mama Sumaya akasema. "Miaka minne wewe natengeneza."

"Mara moya tu, Mama."

Akamruhusu kwa mkono. Papa akasogea, kofia imemshuka masikioni, akainama kwenye mgongo wa mashine iliyo wazi. Akapeleka kidole mpaka kwenye mota, akafuata shina lake polepole, upande huu, kisha upande ule. Halafu akasema kwa sauti ndogo ambayo sikuwahi kuisikia kwake:

"Kumbe iko hivi. Kumbe feni mbili, ya ndani na ya nje, ziko ku motere moya tu."

Nilidhani nimesikia vibaya. "Papa? Hukujua?"

"Ku muchoro yako ulichora motere mbili."

"Papa, ule mchoro una jogoo!"

Ndipo ikatoka. Kule Uvira hakuwa fundi wa klimatizeri. Alikuwa sentineli, mlinzi wa geti, kwenye nyumba ya mkubwa mmoja. Kiti chake kiliwekwa ukutani, chini ya mashine kama hii, na kwa miaka tisa kazi yake ilikuwa kukaa nje na kuisikiliza. Alijua inavyopumua ikiwa nzima. Fundi alipokuja, Papa alisikia ugonjwa kabla, akasikia maelezo kupitia dirisha, akasikia uponyaji. Ndani hakuwahi kuingia. Mashine iliyo wazi hakuwahi kuiona mpaka dakika ile, amelowa povu, mbele ya watu waliomlipia ufundi. Zile karatasi alizokuwa anapekua barazani? Kitabu cha Kifaransa cha friji, na michoro yangu. Ipi? Yote, hata ule wa jogoo! Mimi nilikuwa namfuata yeye, na yeye alikuwa ananifuata mimi, na katikati ukuta.

Nilikaa chini mara ya pili siku ile.

Mama Sumaya alichukua bisibisi iliyoanguka, akaivuta nusu ya mwiko iliyokwama, akapeleka mkono wake wenye hina ndani ya mashine na kukaza skrubu ya shina, mizunguko mitatu na nusu mingine. Akafunga kifuniko, skrubu za pembe kwanza, za katikati baadaye, kama tunavyofanya. Hakuuliza hata swali moja. Tulibaki tumemkodolea macho.

"Mnatazama nini?" akasema. "Miaka minne mimi nafua hapa. Mnadhani maskio yangu iko kwa sabuni?"

Papa alirudi mbele kwa kupitia mlangoni, uso umetazama chini. Akapandisha swichi baada ya Mama Sumaya mwenyewe kwenda kumwambia uso kwa uso. Feni ikazunguka bila kukwaruza. Kisha Mama Sumaya akampigia Hajji simu mbele yetu sote na kumweleza kila kitu: mtoto, mwiko, damu, mzee kwenye beseni. Hajji akauliza tu kama eesi inafanya kazi. Akaambiwa inafanya. Akasema mzee yule asikanyage tena hata baraza. Kazi yake akaifanyie nje ya geti, barabarani.

"Nje ya geti," Papa alirudia tulipokuwa tunaondoka. Akacheka kidogo, mara ya kwanza siku ile. "Iko fasi yangu ya zamani."

Kwa hiyo jina lake halikuwekwa chini. Ila sheria imebadilika, na ninyi ndio mtaishika: zamani tuliamini sauti, sasa hatuamini. Kila swichi kubwa ina fyuzi. Aliye kwenye mashine anaing'oa kwa mkono wake na kuitia mfukoni mwake, na haitoki mfukoni mpaka vidole vyote kumi viko nje na vimeonekana. Hata Papa akiita kwa upole namna gani. Hata sauti ikiwa yako.

Mimi nilistaafishwa na mama. Aliutazama mkono, akaniuliza mtihani wa Sinia Foo, wa kumaliza kidato cha nne, nitauandika kwa mguu? Nilijaribu kumchekesha. Hakucheka. Siku ile nilijua nimezeeka.

Wiki iliyopita nilikuwa Mbarara kuchukua matokeo ya mtihani wa majaribio, niko na sare. Nikapita mtaa wa Hajji. Nje ya geti, barabarani, Papa Byamungu amekaa kwenye kiti cha plastiki, faili lake magotini, bodaboda zinamkwepa. Nikasimama kando yake. Sikuwahi kusimama upande ule.

"Unaona nini?" akaita.

"Naona vumbi, na mjusi moja imekufa kwa waya," ikajibu sauti ya Mama Sumaya kutoka ndani. "Natoa na mwiko. Fyuzi iko kwa mfuko yangu, usiulize."

Baada ya muda akaja mwenyewe kwenye upenyo wa geti, akaonyesha vidole kumi, jicho moja nyuma yavyo, akarudi barazani kutia fyuzi na kupandisha swichi. Mashine ikawaka. Papa akainua mkono, nikanyamaza. Huko nje huoni kitu. Unaona matofali. Nilifumba macho kama yeye, nikasikiliza, na taratibu, chini ya kelele za barabara, nikaisikia: feni inazunguka vizuri, lakini ndani ya mzunguko kuna kitu kinagugumia, kizito, kinarudi kila mara mahali palepale. Niliona mota yote kichwani, shina lake, upande huu na upande ule.

"Beringi ya nyuma," nikapaza sauti bila kufikiri. "Tia mafuta kabla haijakwama!"

Papa akanigeukia polepole, macho yamemtoka. Halafu Mama Sumaya, kutoka ndani ya geti:

"Nani huyo najibu? Wewe si umestaafu?"